Gado hakulala rumande hata siku moja. Basi nani alimnyang'anya kalamu?

MwanaIlala (mleta uzi)

Wakuu, salaam kwenu.

Wiki iliyopita tulikuwa tunamhamisha mama, tukakuta vyombo vyake vya akiba vimefungwa kwenye magazeti ya zamani. Sufuria moja imevikwa The East African. Nikalikunjua nilitupe, jicho likaangukia katuni ya Gado. Kazi yangu ya siku hiyo ikaishia hapo. Mama anaita, mimi nimekaa sakafuni navua nguo sufuria moja baada ya nyingine natafuta katuni.

Kwa mliokulia kwenye simu: Gado ni Godfrey Mwampembwa, kazaliwa Dar es Salaam mwaka 1969. Wengi humdhania Mkenya kwa kuwa jina lilikulia Nairobi, lakini ni Mbongo wa kwetu kabisa. Alianza kuchapishwa magazetini hapa nyumbani angali kijana mdogo, halafu akaingia Chuo cha Ardhi kusomea usanifu majengo. Mwaka 1992 akaachana na ramani za nyumba za watu, akapanda kwenda Nairobi kuchora Daily Nation. Ana miaka 23 hivi. Niambieni mzazi gani wa Kibongo angelimeza hilo: mtoto yuko chuo, anasomea kazi ya suti na kofia ya plastiki, anarudi nyumbani anasema baba mimi naenda kuchora vikatuni.

Uangalieni huo mwaka. Desemba 1991 Wakenya walikuwa ndiyo kwanza wamekifuta kifungu cha 2A, kile kilichosema chama ni kimoja tu. Kabla ya hapo uso wa rais haukuwa kitu cha kuchezea kwa wino. Gado akafika mlango umeachwa wazi kidogo, na hakubisha hodi. Moi na rungu lake, Kibaki, Raila, Museveni, Mugabe, wote walipita mkononi mwake. Uhuru na Ruto walipokuwa na kesi The Hague akawachora na tufe la chuma mguuni, kama wafungwa wa zamani. Kwenye kampeni wana tufe. Wameshinda uchaguzi wa 2013, tufe lipo. Hakuhitaji kuandika neno "mtuhumiwa" hata mara moja, msomaji akiona mnyororo anamaliza sentensi mwenyewe.

Halafu kuna XYZ Show, iliyoanza 2009 kwenye televisheni ya Citizen ya Kenya. Wazo lilitoka kwa wale vikaragosi wa televisheni ya Ufaransa. Vichwa vya mpira vya wakubwa, vinasema, vinagombana, vinalala bungeni. Nilikuwa Nairobi kikazi mwaka huo. Nakumbuka kwenye kibanda kimoja cha chai watu walinyamaza kipindi kilipoanza, ukimya wa kuangalia fainali.

Sasa ndiyo nije kwenye kilichoniletea uzi.

Januari 2015 The East African lilichapa katuni yake ya Rais Kikwete. Kajilaza kama mfalme wa Kirumi, wanawake wamemzunguka wanamhudumia, kila mmoja kapewa jina la uovu, ufisadi ukiwemo. Mwezi huohuo serikali yetu ikalipiga gazeti marufuku kusambazwa nchini. Sababu iliyotolewa: halijasajiliwa. Gazeti lililoanza 1994! Miaka ishirini linauzwa pale Posta mbele ya macho ya kila mtu, hakuna aliyeuliza cheti.

Gado akapewa likizo ya mwaka mzima na Nation, kampuni yenye Daily Nation na The East African. Mapema 2016, wakati wa kurudi, akaambiwa mkataba wake hauendelei. Miaka 23 na ushee ikafungwa hivyo. Yeye mwenyewe alisema hadharani kwamba nyuma ya uamuzi huo kulikuwa na shinikizo la wenye madaraka.

Hapo ndipo hoja yangu ilipo. Tukisikia "uhuru wa maoni" kichwani tunaona difenda la polisi na pingu. Lakini mtu aliyewachora marais kwa zaidi ya miaka ishirini hakuja askari kumchukua. Ilikuja karatasi ya ofisi ya utumishi. Kampuni ile ina magazeti Nairobi, ina Mwananchi na The Citizen hapa Dar, ina matangazo ya serikali ya kusubiri kulipwa, ina vibali vya kuhuisha. Katuni moja ikigusa hesabu za nchi mbili, mwenye kalkuleta ndiye atakayeamua. Mimi nasema kalamu nyingi Afrika Mashariki zimekatwa na wahasibu kuliko zilizokatwa na polisi, na za wahasibu hatuzihesabu kwa sababu hakuna damu wala mwandamano.

Nawasilisha. Mwenye hoja aje, mwenye matusi apite kushoto.

Pangu Pakavu

Nimeweka mkeka. Ila mkuu, mama alipata msaada wa kuhama au ndiyo ulimwacha na sufuria zake?

MwanaIlala

Alihama. Sufuria tatu zilikwenda uchi.

Mzee wa Gerezani

Vijana, shikamoo nitaipokea baadaye. Umeanzia mbali na nyumbani, mwanangu. Kabla ya huyo Gado kulikuwa na Chakubanga kwenye gazeti la Uhuru, mkono wa Christian Gregory, tangu miaka ya sitini. Gazeti la chama! Na watu walilinunua kwa ajili ya Chakubanga. Ilifika mahali katuni yoyote ile inaitwa chakubanga, kama vile dawa yoyote ya mswaki ilivyokuwa na jina moja. Alimsema mwanamume mlevi, karani mvivu, bwana mkubwa wa ofisini anayesumbua wasichana. Mwalimu Nyerere hakuguswa. Sikumbuki hata mara moja, na tuliokuwa tunasoma hatukutegemea amguse. Mpaka ulikuwa unajulikana bila kuandikwa. Sasa unaposema mhasibu ndiye aliyekata, mimi nakuuliza: na yule ambaye mpaka uko kichwani mwake tangu asubuhi anapochonga penseli, yeye kakatwa na nani?

Baadaye likaja Sani, tukacheka na kina Ndumilakuwili. Hilo ni uzi mwingine.

Otis wa Umoja Two

Wakubwa, niaje huko Bongo. Mimi ni Mkenya, niruhusuni niongeze chumvi.

Kwanza huyo Gado tunamgawana, msimchukue mzima. Pili, mleta mada amesahau mambo mawili. Januari 2016, mhariri wa Nation, Denis Galava, alifutwa kazi baada ya tahariri ya mwaka mpya iliyomwambia rais ajirekebishe. Tahariri, si katuni. Kwa hivyo mkitaka kujua hewa ya nyumba ile ilikuwaje, hapo pana harufu yake. La pili ni kichekesho. Gado alipotoka pale alienda wapi? Standard. Na Standard ni nyumba inayohusishwa na familia ya Moi, yule yule mzee wa rungu aliyemchora miaka yote. Kama si Kenya ni wapi utapata hiyo?

Lakini hoja ya mhasibu siikubali yote. Hapa kwetu kuna kijana anaitwa Kibet Bull. Hana gazeti, hana mkataba wa kukatwa. Alikuwa anaweka mtandaoni picha za rais kwa kivuli cheusi tu, umbo bila sura, na kila mtu anajua ni nani. Desemba 2024, kama mkesha wa Krismasi hivi, akatoweka. Ndugu yake alikuwa ametangulia kutoweka. Waliachiliwa Januari 6, pamoja na vijana wengine, baada ya watu kupiga kelele barabarani na mahakamani. Sasa hapo mhasibu ni nani? Mnaona, ukimtoa mchoraji kwenye gazeti, umemtoa kwa mhasibu ukampeleka kwa wale watekaji wa Subaru.

MwanaIlala

Otis hapo umenipiga ngwala. Nakubali. Hoja yangu ilikuwa ya mtu wa magazeti, na magazeti yenyewe siku hizi yanafunga sufuria.

Bi Mkubwa wa Chumbageni

Nimesoma wote. Niseme langu ambalo naona wanaume mmelipita kama hamlioni.

Hiyo katuni ya 2015 niliiona. Ubaya wa utawala ni kazi ya waliotawala, na waliotawala wengi ni wanaume wenye vitambi. Mchoraji akitaka kuchora ufisadi anachora nini? Mwanamke kavaa nusu. Akitaka kuchora uzembe? Mwanamke mwingine. Rais kakaa katikati anaonekana kama mtu aliyeshawishiwa tu, maskini. Kwa hiyo mimi ile katuni naitetea ichapwe, gazeti lisifungiwe, mchoraji asinyimwe mkate. Na papo hapo nasema ilikuwa katuni mbaya. Uhuru wa maoni si lazima unikute napiga makofi.

Na nimeingia uzi huu kwa sababu yangu. Mwanangu yuko kidato cha pili. Kamchora mwalimu mkuu nyuma ya daftari la hesabu: kichwa ni kengele, mdomo ni ule ulimi wa kengele. Daftari likakusanywa kusahihishwa. Nimeitwa Jumatatu. Baba yake anasema achapwe kwanza tukifika shuleni wakute tumeshamaliza. Mimi nimeiangalia ile picha usiku mzima, na Mungu anisamehe, ni yeye mtupu.

Pangu Pakavu

Weka picha tuone!

Bi Mkubwa wa Chumbageni

Daftari wamelizuia wao kama kielelezo. Mimi nina ya simu, na sitaiweka.

Wino Mweusi

Ngoja niseme kama mtu wa ndani. Nimechora vibonzo miaka kumi na moja, magazeti matatu tofauti, siyataji. Mzee wa Gerezani kagusa kidonda.

Inavyokwenda ni hivi. Asubuhi kuna kikao cha wahariri, mimi nakaa mwisho wa meza. Nikitoka naandaa michoro mitatu ya penseli, ya haraka haraka. Mmoja mkali, mmoja wa katikati, mmoja wa mvua na mashimo barabarani. Mwaka wa kwanza niliweka ule mkali juu. Mhariri anacheka mpaka machozi, anawaita wenzake waje waone, halafu anasema, "Chora wa mashimo." Mwaka wa tatu nikawa napeleka miwili, ule mkali nimeuacha mezani kwangu. Mwaka wa tano nikagundua ule mkali haunijii tena kichwani. Hakuna aliyenikataza. Nilikuwa nalipwa kwa kila mchoro uliochapwa, na mchoro usiochapwa hauleti unga.

Kwa hiyo kwa swali la mzee, anayekata ni tumbo, na tumbo halina cheo.

Halafu msidhani mambo ya pingu ni ya Kenya tu. Septemba 2021 hapahapa Dar, Opptertus Fwema alikamatwa kwa katuni ya Rais aliyoiweka Instagram. Na Oktoba 2024 Mamlaka ya Mawasiliano, TCRA, walisitisha kwa siku 30 leseni za mtandaoni za Mwananchi Communications kwa sababu ya katuni mjongeo ya The Citizen. Mmeiona? Mwanamke anaangalia televisheni, anabadilisha chaneli, kila chaneli kuna mtu analilia ndugu aliyepotea. Haina tusi. Haina jina la mtu. Ilibidi iondolewe. Mimi niliitazama mara nne, na kilichoniuma si kufungiwa kwao. Kilichoniuma ni kwamba wazo lile lilikuwa la aina ya ule mchoro wangu wa kwanza, wa mkali, niliouacha mezani.

Otis wa Umoja Two

Wino pole sana ndugu. Lakini niulize, mbona Kipanya, yule panya wa katuni za Masoud Kipanya wa huko kwenu, amedumu? Masoud anachora miaka nenda rudi, na anasema mambo mazito.

Wino Mweusi

Kipanya ni somo la peke yake. Anayesema pale ni panya. Kasimama pembeni na viraka vyake, na maneno machache sana, mara nyingine hana neno. Ukitaka kumshitaki itabidi kwanza usimame mahakamani ueleze kwamba yule kwenye picha ni wewe. Nani atakubali? Babu zetu walijua hesabu hiyo zamani, ndiyo maana kwenye hadithi mwenye tamaa ni fisi na wala si mtemi. Na Masoud ana redio, ana miradi yake, hata gari la umeme aliunda. Mwenye mguu wa pili anasimama vizuri zaidi akikatwa wa kwanza.

Gado njia yake ni tofauti, yeye anachora pua ya mtu mwenyewe. Sisemi ipi bora. Nasema Dar ya gazeti la Majira na Nairobi ya Nation ya miaka ya tisini zilikuwa shule mbili.

Sheria Mkononi

Kidogo tu upande wa sheria, maana naona watu wanasema "katiba inaturuhusu" kama vile katiba ni mwavuli. Ibara ya 18 ya kwetu inampa kila mtu uhuru wa maoni, na ya 33 ya Kenya inasema hivyo kwa urefu zaidi. Tofauti inakuja kwenye ngazi ya chini. Kenya, Februari 2017 Mahakama Kuu ilitamka kwamba kumfunga mtu jela kwa kashfa ni kinyume cha katiba. Ukikashifiwa nenda kadai fidia. Kwetu tuna Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015, Sheria ya Huduma za Habari ya 2016, na kanuni za maudhui ya mtandaoni zilizoleta leseni 2018, zikaandikwa upya 2020. Leseni ndiyo kisu chenyewe. Hakuna haja ya kuthibitisha kosa mahakamani kama unaweza kusimamisha kibali kwa barua.

Na mkitaka kujua pingu za kweli, someni habari za Ramón Esono Ebalé wa Guinea ya Ikweta. Alikwenda kwao 2017, akakamatwa Septemba, akashitakiwa kwa fedha bandia. Mchora katuni, fedha bandia! Mahakamani shahidi wa polisi akakiri kwamba alisema alichoagizwa kusema. Akatoka Machi 2018. Zuma wa Afrika Kusini naye alimdai mchora katuni Zapiro mamilioni ya randi kwa ile katuni ya 2008, akaburuza kesi miaka minne, 2012 akaiondoa mwenyewe.

Bi Mkubwa wa Chumbageni

Hiyo ya 2008 ndiyo ile ya Haki kachorwa mwanamke kashikwa chini, sivyo? Mnaona tena. Naendelea kuhesabu.

Kanzu Nyeupe

Samahani wakuu, mimi nitakuwa tofauti. Nyie wote mnasema kama vile rais ni mtu tu. Kwetu mkubwa hachekwi hadharani. Unamfuata kwa mlango wa nyuma, unamwambia kwa adabu. Watoto wanaokua wanaona rais kafungwa mnyororo kwenye gazeti watamheshimu nani? Hata huyo mtoto wa Bi Mkubwa, tuanze na yeye.

Mzee wa Gerezani

Ndugu Kanzu, nina miaka sabini na kitu. Huo mlango wa nyuma nimekwenda mara mbili maishani mwangu. Mara zote nilikuta mlinzi. Na utani kwetu ni mkubwa kuliko unavyosema. Msibani kwa baba yangu watani walilala kwenye jeneza la mtu wa heshima, wakadai walipwe ndipo azikwe. Tukacheka tukiwa tunalia. Hakuna aliyeita polisi.

Kanzu Nyeupe

Utani una watu wake na masharti yake, mzee wangu. Gazeti halina undugu na rais.

Mzee wa Gerezani

Hapo umesema kitu. Nitalala nacho.

MwanaIlala

Kuna jambo nilisahau kulisema juu. Mei 2016, miezi michache tu baada ya mkataba kuisha, Gado alipewa tuzo ya Cartooning for Peace kule Geneva, mkononi mwa Kofi Annan. Alipewa pamoja na Zunar wa Malaysia, ambaye wakati huo alikuwa na mashitaka tisa ya uchochezi juu ya kichwa chake. Wawili jukwaa moja: mmoja ametolewa kazini kwa barua, mwingine anasubiri jela. Mashitaka ya Zunar yalifutwa 2018 serikali ilipobadilika. Barua ya Gado haina pa kufutiwa, maana kisheria hakuna kosa lililofanyika. Mkataba uliisha, haukuongezwa. Ndiyo maana bado sijamwachia mhasibu wangu, ingawa Otis kanipunguzia kiburi.

Wino Mweusi

Nimetoa ile michoro ya penseli kwenye begi leo. Ipo kama sitini. Mingi imepitwa, waliochorwa wamestaafu au wametangulia. Kuna mmoja wa 2017 ungeweza kuchapwa kesho bila kubadilisha kitu zaidi ya miwani.

Pangu Pakavu

Bi Mkubwa, Jumatatu imepita. Kijana kafanywaje?

Bi Mkubwa wa Chumbageni

Nilikwenda peke yangu, baba yake nilimwambia ni saa nne kumbe ni saa mbili. Mwalimu mkuu kaniweka kwenye kiti, kaweka daftari mezani limefunguliwa pale pale. Kasema mengi, nidhamu, malezi, simu, kizazi hiki. Sauti yake ilivyokuwa inapanda, mimi naangalia chini, kwa sababu nikiangalia juu naona kengele, nikiangalia mezani naona kengele. Nikabana midomo mpaka machozi. Yeye akadhani nalia, akalegea.

Kijana kapewa adhabu ya kufagia ukumbi wiki moja na kuandika barua ya kuomba radhi. Daftari kanirudishia, lakini ule ukurasa wa nyuma aliuchana kwanza kwa rula, taratibu, ukatoka umenyooka. Nikajua anautupa. Hakuutupa. Aliukunja mara mbili, akafungua droo, akauweka chini ya mhuri wa shule.